Mvivu Apata Kazi

Katika maabara ile, ukisikia viatu vya Bi Suuza vinakuja kwenye korido, kwanza unatazama kama glasi yako umeisuuza, salamu baadaye. Jina lake la kuzaliwa lilijulikana kwa watu wa ofisini tu. Wengine wote, kuanzia mlinzi wa getini mpaka Mkuu wa taasisi mwenyewe, walimwita Bi Suuza, naye alishachoka kununa zamani. Isitoshe, jina lilimkaa.

Kazi yake ilikuwa famakolojia, elimu ya kujua dawa inaufanya nini mwili na mwili unaifanya nini dawa. Sehemu ya elimu hiyo aliyoipenda kuliko zote ilikuwa pale kwenye meza ya dirishani: glasi ndefu yenye maji ya chumvi yaliyopashwa joto la mwili, na kijibomba chembamba kinachopuliza mapovu ya hewa kutoka chini. Ndani ya maji hayo unaning'iniza kipande kidogo cha msuli wa panya kwa uzi. Ukikitunza vizuri, kipande hicho hakina habari kwamba mwenyewe ameshaondoka; kinaendelea kuishi kwa saa kadhaa, na kila kinapobana au kulegea, uzi unavuta kalamu, na kalamu inachora kwenye karatasi inayozunguka. Unadondosha tone la dawa, unatazama kalamu. Kisha unafungua koki, unamwaga maji yote, unatia mapya, mara moja, mara mbili, mara tatu, ndipo unadondosha tone lingine. Asiyesuuza, Bi Suuza alipenda kusema, anapima uchafu wake mwenyewe.

Matone yalitoka ghorofa ya juu, kwa mkemia mmoja mnene, mcheshi, aliyeitwa Mpishi kwa sababu kutwa alikuwa akichemsha na kuchuja. Mpishi alitengeneza kemikali mpya, moja baada ya nyingine, akitafuta itakayolegeza bomba la hewa la mtu mwenye pumu. Kila kemikali ilipewa namba, lakini Mpishi hakuzipenda namba. Alizipa majina kama mtu anayefuga kuku. Kulikuwa na Mkali, aliyelegeza bomba la hewa vizuri sana na kusimamisha moyo vizuri zaidi. Kulikuwa na Bwana Harusi, aliyependeza kwenye karatasi na kukataa katakata kuyeyuka kwenye maji. Na kulikuwa na Mvivu.

Mvivu hakufanya chochote. Ulitundika pete iliyokatwa kwenye bomba la hewa la panya, ukaibana kwa kemikali ya kubana, ukadondosha Mvivu ili ailegeze, na kalamu ikaendelea na mstari wake ule ule. Ukaongeza dozi, mstari ule ule. Alikaa majini kama mgeni aliyekosea nyumba na anaona haya kuuliza. Mkuu wa taasisi, mtu mpole asiyependa kuona friji limejaa, alisema basi, inatosha, Ijumaa Mvivu afungashiwe virago. Bi Suuza hakubisha. Aliomba tu jaribio la mwisho, Ijumaa asubuhi, ili atoe ripoti yake kwa moyo mweupe kwamba Mvivu hana kazi duniani.

Ijumaa hiyo hiyo mdogo wake alikuwa na mtihani wa mbio.

Huyu mdogo wake, kitindamimba wa nyumba yao, alikuwa refa wa mpira wa miguu, na wala si refa wa kubahatisha. Filimbi yake ilisikika mtaa wa pili. Aliwahi kumfutia goli binamu yao wa damu, dakika za majeruhi, kwa kuotea kwa upana wa kiatu, na binamu hakukaa naye meza moja mwaka mzima. Nyumbani walimwita Refa tu, hata Mama. Ndoto yake ilikuwa kuchezesha ligi kuu, na mlango wa ligi kuu ulikuwa mtihani wa mbio unaofanyika mara moja kwa mwaka, tarehe ikipangwa na chama cha waamuzi, si na mkimbiaji.

Na Refa alikuwa na chango, maumivu ya tumbo ya siku za hedhi.

Si lile la kumeza kidonge cha kawaida ukaendelea na shughuli zako. Chango la Refa lilimkunja na kumkamua kama nguo inayotoka kwenye beseni, likamtapisha, likamlaza sakafuni kila mwezi tangu akiwa msichana wa shule. Alishapimwa hospitali zaidi ya moja na ugonjwa haukuonekana. Vidonge vingine vilimchoma tumbo, vingine vilimvuruga kichwa, akaviacha. Watu wakabaki kumtibu kwa maneno. Shangazi alisema ukiolewa yataisha. Akaolewa, hayakuisha. Wakasema ukizaa yataisha. Akazaa mtoto wa kiume mwenye sauti ya king'ora, na maumivu yakarudi yakiwa yametoka likizo, yana nguvu mpya. Hivi aliyeanzisha maneno hayo aliwahi kuumwa nini maishani mwake? Familia nzima ilijifunza kupanga mambo kwa kukwepa siku za Refa: arusi, safari, hata kuhama nyumba. "Tarehe hiyo Refa yuko salama?" Mama alikuwa akiuliza, na kama jibu ni hapana, tarehe inasogezwa. Mtihani wa mbio peke yake ndio haukusogezwa, na alishaukosa zaidi ya mara moja.

Simu iliita Bi Suuza akiwa ndio kwanza anavaa koti jeupe.

"Dada." Sauti ilitoka chinichini. "Niko chooni hapa uwanjani. Nimelala sakafuni."

"Zimeanza?"

"Zilikuwa zianze Jumatatu! Nimehesabu, Dada. Nimehesabu vizuri kabisa." Akawa anavuta pumzi kwa meno. "Wanaita majina huko nje. Nawasikia wanaita."

"Usikate simu. Niko hapa."

Bi Suuza aliibana simu kwa bega. Mdomo ulikuwa na mdogo wake, pole mama, pumua, pumua taratibu, na mikono, iliyofanya kazi ile miaka mingi kiasi cha kutohitaji macho, ikafungua friji, ikatoa kisahani, ikafunga uzi, ikatundika kipande ndani ya glasi. Kupitia simu alimsikia mtu akiita jina la Refa kwa mara ya mwisho. Kisha akasikia mama mmoja wa usafi akiingia, akisema masikini mwanangu, njoo ulale chumbani kwangu kuna godoro. Simu ikakatika.

Alifuta macho kwa mkono wa koti, akaigeukia mashine. Kalamu ilikuwa inachora milima.

Bi Suuza alikodoa macho. Bomba la hewa halichori milima. Linabana au linalegea, taratibu, kwa adabu; halina tabia ya kupanda na kushuka lenyewe. Hiki kipande kilipanda, kikashuka, kikapumzika, kikapanda tena. Povu limenasa kwenye uzi, alijiambia, akagonga glasi kwa ukucha. Milima. Akakaza uzi. Milima. Basi, kwa kuwa asubuhi ilikuwa inakwenda na Mvivu anangoja hukumu yake, akadondosha tone.

Mlima uliofuata ulikuja mdogo. Uliofuata huo ulikuwa kichuguu. Halafu kalamu ikalala kabisa, ikachora mstari ulionyooka, na kipande kikatulia kama maji mtungini.

"Nimekiua," alisema Bi Suuza kwa sauti.

Mtu mwingine angekitupa na kuanza upya. Lakini huyu alikuwa Bi Suuza, na mkono wake ulifungua koki kabla kichwa hakijaamua lolote. Akamwaga, akatia maji mapya, mara moja, mara mbili, mara tatu. Na milima ikarudi. Kwanza kichuguu, kisha kilima, kisha milima ile ile ya mwanzo kana kwamba hapakutokea kitu. Kilichokufa hakirudi kwa kusuuzwa. Kipande kile hakikufa hata kidogo. Kilitulizwa, kikaachiwa, na aliyekituliza alikuwa Mvivu.

Ndipo alipokitazama kisahani. Friji lilikuwa na visahani viwili vinavyofanana kama mapacha, kwenye barafu moja, ndani ya maji ya chumvi yale yale. Kimoja kilikuwa chake, chenye pete za bomba la hewa. Cha pili kilikuwa cha mwalimu wa meza ya jirani, aliyetaka kuwaonyesha wanafunzi wake jinsi mfuko wa uzazi wa panya unavyojikunja wenyewe. Na Bi Suuza, mwanamke aliyewahi kumfokea mtu kwa sababu ya lebo iliyokaa upande, alikuwa ametundika mfuko wa uzazi.

Alisimama pale na kisahani mkononi. Msuli wa uzazi. Unajikunja wenyewe, unajikamua, ukizidi unazuia hata damu yake mwenyewe isipite, na hapo ndipo mtu analala sakafuni. Mvivu anadondoka, msuli unatulia. Mvivu anasuuzwa, msuli unarudi kazini. Na saa hiyo hiyo mdogo wake alikuwa amejikunja kwenye godoro la mama wa watu. Bi Suuza alipiga ukelele uliomtoa Mpishi ghorofa ya juu na koleo lake mkononi.

"Moto?" Mpishi aliuliza, anahema.

"Mvivu!"

"Mvivu kafanya nini?"

"Kafanya kazi!"

Walitundika kipande cha pili, cha tatu, wakamaliza kisahani chote cha jirani bila kuomba ruhusa. Mwalimu alipoingia na wanafunzi wake alikuta mali yake yote imeshaning'inizwa, na wezi wawili wa umri wa kuheshimika wanarukaruka mbele ya karatasi. Alianza kufoka, akatazama kalamu, akasahau alichokuwa anafoka. Wanafunzi walijazana dirishani. Mpishi alikuwa anaibusu chupa ya Mvivu na kumwomba radhi kwa ajili ya jina alilompa.

"Kwa hiyo ulikosea kisahani," Mkuu wa taasisi alisema baadaye, akiikunjua karatasi ile mezani kwake.

"Nilikosea, Mkuu."

"Wewe?"

"Mimi."

Mkuu alijaribu kubaki na uso wa kazi, akashindwa. Alicheka mpaka akavua miwani. Alipomaliza aliiviringisha karatasi kwa uangalifu na kusema haya, Mvivu abaki, ila mwenye kisahani cha mfuko wa uzazi aombwe radhi.

Jumapili, nyumbani kwa Mama, Refa alikuwa ameshasimama wima, amebaki na uchungu wa mtihani tu. Bi Suuza alijua kabisa kwamba busara ilikuwa kunyamaza. Hakuweza. Alisimulia yote, mikono ikichora milima juu ya vikombe vya chai, na Refa alimsikiliza mpaka mwisho.

"Kwa hiyo ipo," Refa alisema.

"Ipo nini?"

"Dawa. Ipo kwenye friji lako."

"Siyo dawa bado, mdogo wangu. Ni kitu kilichotuliza kipande cha panya ndani ya glasi."

"Nipe."

Mama aliweka birika chini.

"Sijui kama ukiimeza itafika," Bi Suuza alisema. "Sijui ini litaifanya nini, na yenyewe italifanya nini ini. Dozi siijui. Ikishatuliza mfuko wa uzazi, sijui kama haitautuliza na moyo. Haya yote ndiyo kazi yangu, na sijaifanya bado."

"Sakafu ya choo cha uwanjani unaijua?"

"Refa."

"Ina baridi, Dada. Ina vigae vya kijani. Mimi naijua kila kigae." Alisimama, akamchukua mtoto wake. "Wewe kaa na friji lako."

Alinuna kirefa: bila makelele, kadi imetoka na haibadilishwi. Simu za dada yake hakupokea, ujumbe alijibu kwa neno moja. Bi Suuza alikuwa anakwenda kazini akiwa na jiwe kifuani. Mara nyingine, akipita mbele ya friji, alijiuliza yeye ni mtu wa aina gani.

Na Mvivu naye akaanza visa. Kwenye glasi alikuwa malaika. Mpe panya ammeze, haonekani kwenye damu. Ini lilikuwa linamkamata mlangoni na kumkatakata kabla hajafika popote. Wakaongeza dozi, akafika kidogo. Wakaendelea kuwapa panya kila siku, wiki baada ya wiki, kama mtu mwenye chango atakavyohitaji kumeza mwezi baada ya mwezi. Siku walipofungua kuangalia, maini yalikuwa yamevimba na kupauka.

Bi Suuza alilishika ini moja kwenye kiganja chenye glavu, akakaa kwenye stuli. Hakumwona panya. Alimwona mdogo wake kwenye meza ya Mama, amenyoosha mkono, anasema nipe. Ilibidi mtu amletee maji.

Mpishi alisikitika vibaya sana, akazima majiko yake, akazunguka korido na mikono mfukoni. Lakini Bi Suuza hakuwa mtu wa kulia juu ya jambo ambalo hajalipima. Alichukua mkojo wa panya wale na kutafuta vipande vya Mvivu ndani yake, na kila alipotafuta aliona jambo lile lile: ini lilimkata Mvivu mahali pamoja, begani, na kipande kilichobaki ndicho kilichokuwa kinavimbisha. Alipanda ghorofa ya juu na mchoro wa molekuli ya Mvivu.

"Mkono huu," alimwambia Mpishi. "Hapa ndipo anapokamatwa. Mfunike mkono huu, ini likose pa kushika."

Mpishi alitazama mchoro. Akautazama tena, akaanza kupiga mluzi, na mluzi wa Mpishi ulikuwa na maana majiko yatawaka. Alimvika Mvivu kitu kidogo begani, akamshusha chini. Bi Suuza akamdondosha kwenye glasi na milima ikalala, akasuuza, ikaamka. Moyo wa panya, ulipotundikwa kwenye glasi yake, uliendelea kudunda bila kujali kuna mgeni. Panya walimmeza, akaonekana kwenye damu, akakaa, akaondoka kwa wakati wake. Na wiki zile zote zilipopita tena, maini yalitoka mekundu, laini, yanang'aa. Siku hiyo Bi Suuza alimkumbatia hata mwalimu wa meza ya jirani.

Kisha akaenda kumtafuta mdogo wake. Alimkuta kwenye kiwanja cha vumbi, anachezesha mechi ya timu za mtaani. Alikaa kwenye benchi mpaka filimbi ya mwisho, na Refa alipokuja kuchukua chupa yake ya maji, Bi Suuza hakumpa hata nafasi ya kununa.

"Ile uliyoniomba," alisema, "ilivimbisha maini. Ningekupa, mdogo wangu. Kuna siku ilibaki kidogo tu nikupe."

Refa alikunywa maji. Alifuta filimbi yake kwa fulana, pole pole, upande mmoja na mwingine.

"Unajua binamu aliniambia nini siku ile ya goli?" alisema. "Alinifuata mpaka kwenye gari. Akasema, kwani mimi si ndugu yako? Nikamwambia ndani ya mistari sina ndugu."

"Basi na mimi kule maabara—"

"Nimeelewa, Dada. Usinihubirie." Na hapo hapo uso ukamvunjika, akacheka, akalia kidogo, akaangukia begani kwa dada yake na jasho lake lote. "Yalivimba sana?"

"Sana."

"Ningekuwa na ini la ukubwa wa begi."

Dawa haina haraka, hata wenye haraka wawe wengi namna gani. Walianza na watu wazima wenye afya waliojitolea, waliomeza kiasi kidogo kuliko chembe ya chumvi huku daktari akiwakodolea macho kutwa nzima. Kisha kiasi zaidi, na zaidi, mpaka wachache wakaumwa kichwa na Bi Suuza akajua sasa hapo tusipite. Halafu wakaja wanawake wenye chango lenyewe, wengi, kutoka hospitali kadhaa. Refa alitaka kuwa wa kwanza kwenye foleni. Kamati ya maadili ilikataa kwa sentensi moja: ndugu wa mtafiti hapana. Safari hii hakununa. Alitaka tu aelezwe.

"Nusu wanameza Mvivu," Bi Suuza alisema mezani kwa Mama, "nusu wanameza kidonge bandia kinachofanana naye. Mgonjwa hajui amepata kipi. Daktari wake hajui. Mimi mwenyewe sijui."

"Mpira gani huo," Refa aliuliza, "hata refa hajui nani anachezea timu gani?"

"Ndiyo maana hawezi kupendelea."

Refa aliwaza, kikombe mdomoni. "Naupenda mpira huo," alisema. Mama alisema yeye alikuwa haelewi kitu, ila kama wasichana wake wanacheka, wamalize biskuti.

Miaka ikaenda. Refa aliendelea na viwanja vya vumbi, akahesabu siku zake, akakosea hesabu, akarudi sakafuni, akainuka. Mtoto wake mwenye sauti ya king'ora alianza shule na kuwafundisha wenzake kuotea ni nini. Mtihani wa mbio mmoja uliangukia siku salama kabisa, na Refa akachanika msuli wa paja mzunguko wa kwanza. Hiyo nayo alicheka, maana angalau safari hii lilikuwa jambo la mpira.

Siku ya kufungua siri, walikaa kwenye chumba cha mikutano, Mkuu wa taasisi, Mpishi, madaktari, na kijana wa takwimu aliyekuwa peke yake na ufunguo wa nani alimeza nini. Bi Suuza aliikalia mikono yake. Kijana wa takwimu alikohoa. Alisema kidonge bandia nacho kiliwapa nafuu baadhi ya wanawake, kama inavyotokea. Mpishi aliguna kama mtu aliyekanyagwa. Kijana akaendelea: kwa waliomeza Mvivu, wengi mno kuliko hao walipata nafuu, na nafuu yenyewe ilikuwa kubwa, na ini hakuna lililolalamika. Akabonyeza kitufe na picha ikatokea ukutani, mistari miwili ya maumivu, wa kidonge bandia juu, wa Mvivu chini kabisa, na katikati yao nafasi ya kupitisha lori.

Halafu Mkuu wa taasisi, yule mtu mpole, alisimama na kucheza. Alicheza peke yake, vibaya, miwani ikimrukaruka puani, mpaka Mpishi akamwonea huruma na kuingia naye. Bi Suuza alitoka koridoni na kumpigia mdogo wake.

"Bado hujaruhusiwa," alisema kwanza. "Mpaka wakaguzi wapitishe."

"Lakini?"

"Lakini anafanya kazi, mdogo wangu. Anafanya kazi!"

Wakaguzi walipitisha. Waliuliza maswali mpaka Bi Suuza akawapenda, maana nao walikuwa watu wa kusuuza. Mvivu alipewa jina la kifahari la kwenye boksi, ambalo hakuna mtu kwenye taasisi aliyewahi kulitumia, na daktari wa Refa akamwandikia kama anavyomwandikia mtu mwingine yeyote.

Mtihani wa mbio wa mwaka huo ulikuwa asubuhi na mapema. Jua lilikuwa halijapanda vizuri Bi Suuza alipopata ujumbe wa neno moja: "Zimefika." Alimpitia Mpishi, wakaenda uwanjani mbio, wakakaa jukwaani kwenye viti vya saruji vyenye umande. Chini, pembeni ya mstari, Refa alikuwa anafunga kamba za viatu. Kidonge alishakimeza. Bi Suuza alimtazama mkono; kwa miaka yote hiyo mkono ule siku kama ya leo ulikuwa unakwenda tumboni. Aliogopa kuliko alivyowahi kuogopa mbele ya glasi yoyote, kwa sababu hapa hapakuwa na koki.

Wakaita majina. Wakaita jina la Refa, na Refa akainua mkono.

Alikimbia. Hakukimbia kama swala, na sitadanganya, alikimbia kama mama wa mtoto mmoja aliyechanika paja mwaka juzi. Lakini alikimbia mzunguko baada ya mzunguko, kichwa juu, na kwenye kila kona Bi Suuza alingoja ajikunje, na kwenye kila kona hakujikunja. Mpishi alikuwa amesimama juu ya kiti anapiga mluzi. Refa alivuka mstari wa mwisho ndani ya muda, akainama kushika magoti, na Bi Suuza akasimama. Kisha Refa akainuka, anacheka. Alikuwa anatafuta pumzi tu, kama wenzake.

Katibu wa chama aliwakusanya waliofaulu pale pale kwenye nyasi kupanga mechi za ligi kuu. "Kila mmoja ataje siku asizoweza," alisema. Mmoja akataja arusi ya kaka yake. Mwingine akataja mitihani ya chuo. Ikafika zamu ya Refa, na jukwaani Bi Suuza aliona vidole vya mdogo wake vikinyanyuka vyenyewe kuanza kuhesabu, kama vilivyohesabu tangu shule. Vikasimama hewani. Vikashuka.

"Mimi sina," Refa alisema, kwa sauti ile ya filimbi inayosikika mtaa wa pili. "Nipangieni siku yoyote."

Katibu akaendelea na mwingine. Kwake ilikuwa sentensi ya kawaida. Jukwaani Bi Suuza alikuwa ameficha uso kwenye mtandio, mabega yanaruka, machozi yanateremka mpaka kidevuni bila kizuizi, na hakuona haya hata chembe. Mpishi alishuka kitini, akakaa karibu yake, akamtolea kitambaa mfukoni.

"Umesuuza?" alimuuliza.

"Mara moja tu," Bi Suuza akasema. "Bado mbili."